Deborah Kerr: mtawa, wimbi la Hawaii, na Oscar sita zilizompita

Wengi wanaolifahamu jina la Deborah Kerr wana picha mbili zake kichwani, na picha hizo hazifanani hata kidogo. Katika ya kwanza ni mtawa aliyevaa vazi jeupe kuanzia kichwani hadi miguuni, anaendesha nyumba ya watawa juu ya jabali la Himalaya. Katika ya pili yuko ufukweni Hawaii kwa vazi la kuogelea, amelala mchangani akibusiana na Burt Lancaster huku wimbi likiwapitia juu. Ya kwanza inatoka katika Black Narcissus ya 1947, ya pili katika From Here to Eternity ya 1953.

Hadithi inayosimuliwa mara nyingi ni kwamba katikati ya miaka hiyo sita mwanamke huyo aligeuka: aliingia Hollywood bibi mtulivu, akatoka mwanamke wa moto. Ni hadithi tamu, lakini ukizitazama filamu zenyewe kwa mpangilio utaona kwamba haishiki. Tangu mwanzo Kerr aliigiza mtu wa aina moja, yaani mtu anayezuia jambo zito ndani yake na kuendelea kusalimia wageni. Kilichobadilika mwaka 1953 ni nani aliyekuwa na uwezo wa kumwamulia kazi, pamoja na filamu aliyopewa kulionyesha jambo hilo. Ili kuelewa kwa nini aliteuliwa mara sita kuwania Oscar ya mwigizaji bora wa kike na asiipate hata mara moja, ni lazima kwanza tufungue fundo hilo.

Jina lake hutamkwa "Ka". Studio ya MGM ilipomtangaza Marekani iliwaambia watu kwamba Kerr lina vina na star, neno la Kiingereza la nyota, na matamshi hayo yakabaki.

Kutoka Clyde hadi Himalaya ya kuchorwa

Alizaliwa Glasgow, Uskoti, tarehe 30 Septemba 1921, na kuandikishwa Deborah Jane Trimmer. Kerr lilikuwa jina la zamani katika ukoo wa babake, naye akalichukua alipoingia kwenye filamu. Utoto wake wa mwanzo aliupitisha Helensburgh, mji mdogo ulio kando ya mlango wa mto Clyde, walikoishi babu na bibi yake. Babake, Arthur Trimmer, alipoteza mguu katika mapigano ya Somme wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, kisha akafanya kazi ya usanifu wa meli na uhandisi. Baadaye familia ilihamia kusini, Uingereza, na Deborah akasoma Bristol na Weston-super-Mare.

Ndiyo maana ukimsikiliza huisikii Glasgow. Katika shule za uigizaji za wakati ule lafudhi iliyofundishwa ilikuwa moja, ile ya tabaka la juu la kusini, na kijana aliyetaka jukwaa la London aliivaa au akabaki kwao. Hollywood ilipomchukua ilimtangaza kama mfano kamili wa mwanamke wa Kiingereza. Waskoti hawajakubali kumwachia, na wana haki.

Shangazi yake mmoja, Phyllis Smale, alikuwa na shule ya maigizo Bristol, na huko ndiko alikoanzia. Alijifunza pia baleti, akapanda jukwaa la Sadler's Wells mwaka 1938, kabla ya kuona kwamba njia yake ni uigizaji. Mafunzo hayo ya mwili hayakupotea. Tazama anavyoingia chumbani katika filamu yoyote: mgongo umenyooka, mikono imetulia, kichwa kinageuka mwisho. Mwigizaji anayeutawala mwili wake hivyo anaweza kufanya kosa dogo la mkono likasikika kama kelele, na Kerr aliitumia siri hiyo kwa miaka 40.

Mwaka 1941 alionekana katika Major Barbara iliyotayarishwa na Gabriel Pascal. Mwaka uliofuata alicheza katika Hatter's Castle, hadithi ya Kiskoti ya baba katili, yeye akiwa binti anayeteswa. Kisha ikaja filamu iliyomtoa katika kundi. Waongozaji Michael Powell na Emeric Pressburger walikuwa wanatengeneza The Life and Death of Colonel Blimp, simulizi ya afisa wa jeshi la Uingereza tangu mwaka 1902 hadi Vita vya Pili vya Dunia. Serikali haikuipenda, Winston Churchill mwenyewe alijaribu kuizuia, kwa kuwa ilimchora afisa wa Kijerumani kama binadamu katikati ya vita. Kerr, akiwa na miaka 21, alipewa wanawake watatu wa vizazi vitatu: mwalimu aliyeko Berlin, muuguzi, na dereva wa jeshi. Yule afisa wa Uingereza anampenda wa kwanza bila kujijua, anamwoa wa pili kwa sababu anafanana na wa kwanza, na uzeeni anaendeshwa na wa tatu. Filamu ingeanguka kama wanawake hao wangekuwa mtu mmoja aliyebadilishiwa nguo. Hawakuwa mmoja.

Black Narcissus ikafuata mwaka 1947, nayo inahitaji kutazamwa polepole. Watawa wa Kianglikana wanatumwa kufungua shule na zahanati katika jumba la kale milimani, karibu na Darjeeling. Hakuna aliyekwenda India kuipiga: milima ilichorwa kwenye vioo na mabango ndani ya studio za Pinewood, nje ya London, na mandhari ya mimea ikapigwa katika bustani moja ya Sussex. Jack Cardiff alipata Oscar ya upigaji picha na Alfred Junge akapata ya usanifu wa mandhari. Kerr ni Sista Clodagh, mkuu wa nyumba, kijana kuliko cheo chake. Kwa mbali anaonekana baridi. Halafu filamu inaturudisha Ireland, kwa mwanamume aliyetarajia kumwoa akaenda zake, na tunaelewa kwamba utawa wake ulianza kama mahali pa kujificha na aibu.

Sehemu hizo za Ireland ndizo zilizokatwa nakala ya Marekani ilipotolewa, baada ya shirika la Kikatoliki lililosimamia maadili ya filamu kulalamika kwamba mtawa hapaswi kuonyeshwa akikumbuka mapenzi. Kwa hiyo watazamaji wa Marekani waliletewa Clodagh mwenye uso wa nje tu, moyo wake ukiwa umebaki kwenye sakafu ya chumba cha kukatia. Hata hivyo wahakiki wa New York walimpa tuzo yao ya mwigizaji bora wa mwaka huo. Hata hivyo naona hapo ndipo kutoeleweka kwake Marekani kulikoanzia.

Mkataba wa miaka saba

Wakati huo mkataba wake ulikuwa umekwisha kutoka mikononi mwa Pascal na kuuzwa kwa MGM, studio kubwa na tajiri kuliko zote. Hapa inafaa kueleza mkataba wa studio ulikuwa kitu gani, maana bila huo maisha ya waigizaji wa kizazi kile hayaeleweki.

Studio ilimwajiri mwigizaji kwa mshahara wa kila wiki kwa muda uliofikia miaka saba. Kila baada ya kipindi fulani studio ilikuwa na hiari ya kuendelea naye au kumwacha. Mwigizaji hakuwa na hiari hiyo. Studio ilimchagulia filamu, nguo, picha za magazetini, hata habari za nyumbani kwake. Iliweza kumwazima kwa studio nyingine kwa bei kubwa na kubaki na tofauti. Akikataa kazi alisimamishwa bila mshahara, na kabla ya mwaka 1944 siku za kusimamishwa ziliongezwa mwishoni mwa mkataba, hivyo miaka saba ikaweza kuwa tisa au kumi. Aliyevunja utaratibu huo ni Olivia de Havilland, aliyeishtaki Warner Bros. na kushinda California: miaka saba ikawa miaka saba ya kalenda. Miaka minne baadaye Mahakama Kuu ya Marekani ikazilazimisha studio kuachana na kumbi zao za sinema, na nguvu yao juu ya kila mtu ikaanza kupungua.

Kerr aliingia MGM katikati ya mabadiliko hayo, lakini upande wa zamani bado ulikuwa na nguvu. Louis B. Mayer, mkuu wa MGM, alitaka wanawake wa heshima kwenye pazia lake, na tayari alikuwa na mwigizaji Greer Garson kwa nafasi za aina hiyo. Kerr alipangwa foleni hiyo hiyo. Filamu yake ya kwanza huko, The Hucksters ya 1947, ilimweka pembeni mwa Clark Gable kama mjane mwema. Mwaka 1949 alicheza Edward, My Son pamoja na Spencer Tracy, mke anayezeeka na kuzama katika ulevi, akateuliwa kuwania Oscar kwa mara ya kwanza. Mtu angedhani studio ingeielewa ishara. Badala yake ilimvisha Quo Vadis mwaka 1951, bikira Mkristo aliyefungwa kwenye nguzo mbele ya fahali, kisha The Prisoner of Zenda, kisha malkia mwema, kisha mke wa Brutus. Nguo nzuri, taji, na nafasi finyu ya kuigiza.

Alipokuja kwetu

Katikati ya foleni hiyo ya mavazi kuna safari inayotuhusu moja kwa moja. MGM iliamua kupiga King Solomon's Mines Afrika yenyewe na kwa rangi, jambo lililokuwa gumu na la gharama kubwa mno. Msafara ulipita Kenya, Tanganyika, Uganda, Kongo ya Wabelgiji na Ruanda-Urundi. Maeneo waliyopiga yanajulikana mpaka leo: Rumuruti kule Laikipia, maporomoko ya Murchison kwenye mto Nile, Stanleyville, ambayo sasa ni Kisangani, na Astrida, ambayo sasa ni Huye, kusini mwa Rwanda. Filamu ilitoka mwaka 1950 na kuwa miongoni mwa zilizoiingizia MGM fedha nyingi zaidi mwaka huo. Robert Surtees alishinda Oscar kwa upigaji picha, na wahariri wake wakashinda pia.

Kitabu cha H. Rider Haggard cha mwaka 1885 hakina mwanamke wa Kizungu katika msafara. Studio ilimtunga Elizabeth Curtis, mke anayemtafuta mumewe aliyepotea, ili Kerr na Stewart Granger wapate mapenzi njiani. Nafasi yenyewe ni nyembamba: analalamika, anachoka, anakata nywele zake mwenyewe porini na mara zinatokea zimetengenezwa vizuri kuliko za saluni. Watu wamelicheka tukio hilo la nywele kwa miaka 70. Lakini tazama nusu ya kwanza ya filamu, kabla ya mapenzi. Kuna mazungumzo ambamo Elizabeth analazimika kukubali kwamba hakumpenda mumewe, na kwamba anachotafuta porini ni kujitua lawama. Kerr analicheza hilo kwa macho yanayokwepa. Ni dakika chache tu, na ndani yake kuna mwigizaji mkubwa anayesubiri kazi.

Kwa msomaji wa Afrika Mashariki, hata hivyo, sehemu nzito ya filamu iko kwa watu wengine. Kimursi, Mkipsigis wa Kenya, anacheza Khiva. Siriaque, kutoka Rwanda, anacheza Umbopa, mfalme aliyefukuzwa anayerudi kudai kiti chake, naye Baziga ni mfalme anayekikalia kiti hicho. Majina yao yamo katika orodha ya waigizaji, kila mmoja akiwa na jina moja na kabila lake, wakati Wazungu wote wana majina kamili bila kabila. Orodha hiyo peke yake inaeleza ukoloni wa kipindi kile waziwazi. Kwa upande mwingine, filamu haikuwekewa muziki wa okestra ya Hollywood; ngoma na nyimbo za Kiafrika ndizo zinazoibeba, na wachezaji wa intore wa Rwanda wanaonekana ndani yake wakicheza kama walivyocheza, miaka tisa kabla ya kifo cha Mwami Mutara Rudahigwa na misukosuko iliyofuata. Nafikiri filamu hiyo ingestahili kuonyeshwa Huye na Rumuruti, ikatazamwa na wajukuu wa waliomo, waitoe makosa yake wenyewe na wachukue kilicho chao.

MGM ilitumia mabaki ya picha za safari ile katika filamu nyingine, ikiwemo Watusi ya 1959. Na kuna jambo la pembeni ninalolipenda: mwaka 1951, muda mfupi baada ya Kerr kuondoka, mwongozaji John Huston alikwenda Kongo na Uganda kupiga The African Queen, akiwa na mwandishi Peter Viertel aliyemsaidia kwenye hadithi. Viertel alitoka safari ile na riwaya inayomchora mwongozaji anayejali kuwinda tembo kuliko filamu yake. Mwaka 1960 Viertel akawa mume wa pili wa Deborah Kerr. Wa kwanza, Anthony Bartley, rubani wa kivita wa Uingereza aliyefunga naye ndoa mwaka 1945, ndiye baba wa mabinti wake wawili.

Wimbi, na dakika zilizofuata wimbi

From Here to Eternity haikuwa ya MGM; ilikuwa ya Columbia, studio ya Harry Cohn. Nafasi ya Karen Holmes, mke wa kapteni anayetembea na sajini wa mumewe pale Hawaii kabla ya shambulio la Pearl Harbor, ilikuwa ya Joan Crawford. Crawford akajitoa. Wakala wa Kerr akalipendekeza jina lililoonekana la ajabu, na mwongozaji Fred Zinnemann akaona maana yake: ukimchukua mwanamke ambaye kila mtu anadhani hawezi, mtazamaji hatajua atafanya nini. Kerr alibadilisha rangi ya nywele, akafanya mazoezi ya lafudhi ya Kimarekani, akaenda Oahu.

Busu lenyewe lilipigwa katika ghuba ndogo ya Halona. Ni la sekunde chache. Limewekwa kwenye mabango, limeigwa katika vichekesho, na limefunika kabisa kile kinachofuata. Mara tu baada ya busu, sajini anamtupia Karen maneno ya wivu juu ya wanaume waliomtangulia. Yeye, akiwa bado na maji mwilini, anamweleza usiku ambao mumewe alirudi amelewa akitoka kwa mwanamke mwingine, yeye akiwa na uchungu wa uzazi na hakuna wa kumsaidia. Mtoto akafa, na hataweza kuzaa tena. Anasimulia kwa sauti kavu, kama mtu anayesoma taarifa. Huyu ni Sista Clodagh amevaa vazi la kuogelea. Ni mwanamke yule yule anayekitunza kidonda kwa kukaa wima.

Katika riwaya ya James Jones sababu ya utasa wake ilikuwa ugonjwa wa zinaa alioletewa na mumewe. Kanuni za ukaguzi zilizoitawala Hollywood kuanzia mwaka 1934 hadi 1968 hazikuruhusu hilo litajwe, na zilidai uzinzi usiishie kwa furaha. Kanuni hizo zilimbana kila mtu, lakini kwa mwigizaji wa aina ya Kerr zilitengeneza uwanja wa kuchezea. Kama jambo haliwezi kusemwa, basi yule anayejua kulionyesha bila kulisema ndiye mwenye kazi.

Mwaka huo huo alithibitisha kwenye jukwaa. Tea and Sympathy ilifunguliwa Broadway mwaka 1953 chini ya mwongozaji Elia Kazan: mke wa mwalimu wa shule ya bweni anayemtetea kijana anayeonewa na wenzake kwa kudhaniwa shoga. Filamu yake ya 1956 ilipitishwa kwa wakaguzi kwa shida, ikaongezewa barua ya mwisho ambamo mke huyo anaadhibiwa kwa majuto. Kerr aliibeba hata barua hiyo, ingawa inaiharibu kazi.

The King and I, mwaka huo huo wa 1956, ndiyo iliyompa umaarufu mpana zaidi. Ni hadithi ya mwalimu Anna katika ikulu ya Siam. Thailand iliipiga marufuku kwa jinsi ilivyomchora mfalme wao, na ukiitazama leo utaelewa hasira yao. Kuna swali linaloulizwa kila mara: aliimba mwenyewe? Sehemu kubwa hapana. Sauti ni ya Marni Nixon, ambaye studio ilimtaka anyamaze. Wanawake hao wawili walifanya mazoezi pamoja wimbo kwa wimbo, wakakubaliana pumzi inaingia wapi na msemo unakwisha wapi, hata mshono hauonekani. Kerr hakuficha mchango wa Nixon, wakati ambapo wenzake wengi waliuficha. Walishirikiana tena mwaka uliofuata katika An Affair to Remember, alikocheza na Cary Grant.

Mara sita

Sasa tuje kwenye Oscar. Aliteuliwa kwa Edward, My Son. From Here to Eternity. The King and I. Heaven Knows, Mr. Allison; Separate Tables; na The Sundowners. Walioshinda miaka hiyo, kwa mfuatano, ni Olivia de Havilland, Audrey Hepburn, Ingrid Bergman, Joanne Woodward, Susan Hayward na Elizabeth Taylor.

Mara tatu alishuhudia wenzake wa filamu hiyo hiyo wakipanda kuchukua tuzo yeye akibaki kitini. From Here to Eternity ilipata Oscar nane, zikiwemo za Frank Sinatra na Donna Reed. Yul Brynner alishinda kwa The King and I. David Niven na Wendy Hiller walishinda kwa Separate Tables, na ndani ya filamu hiyo karibu kila tukio kubwa la Niven linategemea uso wa Kerr unaomsikiliza.

Maelezo rahisi ni bahati mbaya, na kwa miaka fulani ni kweli. Hepburn wa 1953 alikuwa mgeni aliyeingia kama mwanga, hakuna ambaye angemzuia. Bergman alikuwa anarudishwa baada ya Hollywood kumtenga miaka kadhaa kwa sababu ya mapenzi yake na Roberto Rossellini. Kura ile ilikuwa pia msamaha. Taylor alikuwa ametoka kufanyiwa upasuaji wa koo London, akiwa karibu kufa kwa nimonia, na mwenyewe alikiri baadaye kwamba ugonjwa ndio uliompa.

Ila angalia mbili zilizobaki katikati. Woodward alicheza mwanamke mwenye nafsi tatu. Hayward alicheza mwanamke anayepelekwa kuuawa katika chumba cha gesi. Zote ni kazi nzuri, na zote zinaonekana: mpiga kura anatoka ukumbini akijua jambo gumu limefanyika. Miaka hiyo miwili Kerr alikuwa mtawa aliyekwama kisiwani pamoja na mwanajeshi wa majini, kisha binti wa makamo anayemwogopa mama yake katika hoteli ya Uingereza. Kazi yake yote ilikuwa kutolia. Waigizaji wenzake, wanaojua ugumu wa jambo hilo, ndio waliomteua kila mara. Kura ya mwisho, inayopigwa na wanachama wote wa Academy, chama kinachotoa Oscar, ilikwenda kwingine. Wahakiki wa New York walimpa tuzo yao mara tatu, mwaka 1947, 1957 na 1960. Sioni kama ni bahati tu. Ni tofauti ya macho yaliyozoea kutazama kwa karibu.

Kwa maoni yangu kazi yake kubwa kuliko zote haikuteuliwa kabisa. Ni The Innocents ya 1961, iliyoongozwa na Jack Clayton kutokana na hadithi ya Henry James. Yeye ni mlezi wa watoto wawili katika jumba la mashambani, anayeamini kwamba mizimu ya watumishi waliokufa inawashika watoto hao. Je, mizimu ipo, au iko kichwani mwake? Filamu haisemi, na Kerr analishikilia swali hilo mpaka mwisho. Kila kitendo chake kinasomeka kwa njia mbili. Akimkumbatia mtoto, ni upendo na ni kitisho kwa pamoja.

Kuondoka

Mwaka 1964 Huston alimpeleka Mexico kwa The Night of the Iguana. Kufikia 1968 kanuni za zamani zilikuwa zimefutwa na mfumo wa kupanga filamu kwa umri ukaingia. Mwaka 1969 alicheza The Gypsy Moths, tena na Lancaster, safari hii akionekana utupu, na The Arrangement ya Kazan. Kisha akaiacha sinema akiwa na miaka 48. Ni rahisi kuona kwa nini. Filamu mpya zilikuwa zinasema kila kitu kwa sauti, na wanawake wa umri wake waliandikiwa nafasi chache. Alirudi jukwaani, London na Broadway, na baadaye kidogo kwenye televisheni. A Woman of Substance ya 1984 ilimletea uteuzi wa Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani. Filamu yake moja ya kurudi, The Assam Garden, ilitoka mwaka 1985.

Aliishi Klosters, Uswisi, na Marbella, Hispania, pamoja na Viertel. Mwezi Machi 1994 Academy ilimpa Oscar ya heshima, akikabidhiwa na Glenn Close. Ukumbi ulisimama. Aliwashukuru kwa ufupi, akitetemeka kidogo, akasema kwamba alikuwa na hofu kuliko wakati wowote. Close mwenyewe leo ana uteuzi mara nane bila ushindi. Mwaka 1998 Uingereza ilimpa nishani ya CBE, lakini afya yake haikumruhusu kwenda kuipokea. Ugonjwa wa Parkinson ulimrudisha Uingereza, karibu na watoto wake, na alifariki Suffolk tarehe 16 Oktoba 2007, akiwa na miaka 86. Viertel alimfuata tarehe 4 Novemba.

Kwa anayetaka kuanza kumtazama, ningemshauri aache The King and I kwa sasa. Aanze na Heaven Knows, Mr. Allison, iliyopigwa Tobago, ambamo yeye na Robert Mitchum wako peke yao karibu filamu nzima. Kisha Black Narcissus, akihakikisha nakala ina sehemu za Ireland. Kisha The Innocents, usiku, sauti ikiwa juu, maana nusu ya filamu ile iko katika pumzi yake.